Kamba ya Habumugisha na Rugamba

Mume wangu Habumugisha alikuwa fundi wa mapaa, na alikuwa mbishi. Nayataja yote mawili pamoja kwa sababu sikuwahi kuyaona yakitengana. Tuliishi Biryogo, mtaa wa Waislamu mjini Kigali, na mwaka 1993 Ramadhani ilipoingia na jua lake, akapata kazi Kiyovu, kuezeka jumba lenye paa la mteremko mkali.

Halikuwa paa la bati. Mwenye nyumba aliagiza kutoka Ulaya vipande vyembamba vya lami vilivyonyunyizwa changarawe, vya kupigiliwa kimoja juu ya kingine kama magamba ya samaki. Asubuhi vilikuwa vigumu. Ikifika adhuhuri vinalainika, vinanata kwenye viatu, na joto lake linampanda mtu kutoka nyayoni hadi utosini. Alirudi nyumbani midomo imepasuka, ananuka lami, hana hata mate ya kunijibu.

"Baba Shakira, kunywa maji," nilimwambia. "Utalipa baada ya Idi. Mungu hana haraka na wewe."

"Tangu utoto sijala mchana wa Ramadhani, Nyiraneza. Nije nishindwe na lami?"

Nilimbembeleza, nikanuna, nikamnyima maneno. Wapi! Wiki nzima ilikwisha hivyo.

Mwenzake kazini alikuwa Rugamba, Mkatoliki wa Gikondo, na walikuwa na desturi yao: kamba moja kwa watu wawili. Huyu upande huu wa paa, yule upande wa pili, kamba imepita juu ya mgongo wa paa na kila mmoja amejifunga kiunoni. Uzito wa mmoja ndio unaomshikilia mwingine. Mafundi wengine waliwaita mbuzi wa mnada, wanaofungwa wawili wawili.

Mchana mmoja macho ya mume wangu yaliingia giza. Aliteleza, kamba ikakaza, ikamshika. Kutoka upande wa Rugamba akasikia kishindo, na nyundo ikiporomoka hadi chini. Alipotambaa hadi mgongoni mwa paa alimkuta Rugamba pale pale, amevutwa kifudifudi, viganja vimechunika, amekumbatia ubao.

"Habu, uko sawa?"

"Fungua kamba. Nitafanya peke yangu."

"Ukifungua yako, na mimi nafungua yangu. Jua iko kali, sha, ndugu yangu. Siwezi kukaa huku juu na kamba haina mtu."

Kurudi nyumbani nako kulikuwa na ubaya wake: langoni walijaa watafuta kazi, na msimamizi angemfunga Rugamba kamba moja na yeyote aliyesimama karibu, hata asiyejua paa. Kisha mume wangu akashuka ngazi, akaenda kwenye bomba la bustani, akanywa. Alikunywa akilia. Rugamba alibaki juu, akageuza uso wake upande wa mji.

Mimi nilijua jioni. Adhana ya magharibi ilipoanza, binti yetu Shakira alimsogezea baba yake uji, naye akalishika tu bakuli mkononi, bila ile haraka ya mtu mwenye kiu. Nikamuuliza. Akanieleza yote, macho chini.

Sidanganyi, nilishikwa na wivu. Mimi mkewe nimeomba wiki nzima nikaambulia ubishi, Rugamba hakuomba hata tone!

"Kwangu ulikataa," nikamwambia.

"Wewe ulikuwa unaniogopea mimi," akasema. "Roho yangu naweza kuibishia. Ya Rugamba je?"

Nikachukua mwiko nikakoroga uji uliokwisha korogwa, nimeudhika zaidi.

Alikunywa maji kila siku ya kazi hadi paa likaisha. Baada ya Idi akaanza kulipa siku zake, katikati ya mvua, mtaa mzima ukila na kunywa. Sisi wanawake tunaijua sana funga hiyo ya kulipa. Kila mwaka tuna siku zetu zilizotupita kwa hedhi, tunazifunga kimyakimya huku tukiwapakulia wengine chakula cha mchana, na hakuna anayekuuliza umeshindaje. Mwaka ule magharibi ilipoingia tulikuwa wawili kwenye mkeka, tukifuturu. Mume wangu akaniuliza nimeshindaje, kisha akanimiminia uji mimi kwanza.