Keria ya Baiskeli ya Baba

Siku ninayoikumbuka kuliko zote ni Jumatano moja ya masika, nikiwa na miaka ishirini, nilipoipeleka baiskeli ya baba kwa fundi mjini Kasulu ing'olewe keria. Kaa hapo, mwanangu, kabla hujaenda kwenye mbio zako, nikueleze, wala usidhani natafuta huruma.

Wakati ule nilikuwa mkimbiza baiskeli. Si mbio ndefu za barabarani. Zetu zilikuwa mizunguko kumi ya uwanja wa mpira, watu saba tumebanana, na mshindi ni yule anayethubutu kukata kona kwa ndani bila kushika breki. Nimeangusha wenzangu, nao wameniangusha. Kovu hili la kiwiko nililipata Manyovu. Kasulu nilishinda mara mbili, vijana wakaniita Umeme. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji, nami nilisifiwa sana. Jumamosi ile ilikuwa zamu ya Kibondo, na mshindi wa Kibondo angeingia timu ya mkoa. Nikataka baiskeli iwe nyepesi kuliko zote.

Fundi Shabani, mzee aliyehamia kwetu kutoka Tanga, aliitazama akaniuliza, "Madigadi natoa, kengele natoa. Lakini hii keria, hukaa nani?"

"Mama, akienda zahanati. Na sasa dada Yusta, amerudi nyumbani kujifungua."

Akaiweka spana chini. "Kwa hiyo unataka nimshushe mja mzito?"

Nikacheka. "Ni siku tatu tu, mzee wangu. Jumapili utairudisha."

"Mimba haijui Jumapili, kijana."

Nikaichukua spana nikaing'oa keria mwenyewe, nikamwachia pale kibandani. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Guu langu ni zima, mwanangu. Aliyelipia ukaidi wangu ni mwingine.

Yusta alikuwa na mimba yake ya kwanza, na kwetu uzao wa kwanza binti huja kwa mama yake. Tangu afike, baba aliagiza baiskeli isitoke uani. Lakini wiki ile baba alikuwa Manyovu na maharage yake, nami nikajiona ndiye baba.

Alhamisi asubuhi uchungu ukamshika dada, na damu ikaanza kutoka kabla ya wakati wake. Mama akapiga kelele, "Atanasi, leta baiskeli!" Nikaileta. Mama akatazama nyuma, pale palipokuwa patupu, kisha akanitazama mimi. Tukajaribu kumpakia Yusta mbele, kwenye bomba, naye akaning'ang'ania shati akilia, "Siwezi, ndugu yangu, siwezi."

Ikabidi nikatafute wanaume wa kubeba machela, ile tunayoiita ingobyi. Watu walikuwa mashambani. Hadi tunapata wanne jua lilikuwa utosini, na kutoka Nyakitonto kwetu hadi zahanati ni saa mbili za kupanda na kushuka kwenye matope. Baiskeli ingefika kwa nusu saa. Mtoto alipona. Yusta hakupona. Nesi alinawa mikono akasema, bila hasira, "Mngewahi saa moja tu."

Baba aliporudi hakunipiga. Heri angenipiga. Alikwenda Kasulu kwa miguu, akarudi na ile keria begani, akaifunga mwenyewe. Kibondo sikwenda. Baadaye nilikimbia misimu miwili zaidi, keria ikiwa nyuma, sikukubali kuing'oa tena. Watazamaji walinizomea, eti Umeme amekatika. Nilikuwa wa mwisho kila mara, kisha nikaacha kabisa.

Yule mtoto tulimwita Neema. Nilimlea mimi, nikamsomesha. Alipokuwa darasa la saba aliniuliza mama yake alikufaje, nikamjibu kwamba uchungu ulimzidi. Nilimficha hadi alipoolewa Kibondo, naye akawa mja mzito. Hapo nikashikwa na hofu, nikamweleza yote. Alisikiliza hadi mwisho, akachukua khanga yake, akaondoka. Huu ni mwaka wa nne. Mwanawe sijamwona.

Mwanangu, sikukatazi mbio. Una miguu, kimbia. Ila kitu cha nyumba si chako peke yako, hata kama ni wewe unayejua kukiendesha. Kabla hujakitoa, uliza nani hukitegemea, na ukiambiwa, amini. Na ukikosa, sema ungali kijana, sema aliyekosewa angali karibu. Mimi nilingoja hadi ukweli ukaninyang'anya mtoto aliyeniachia dada.

Mungu akupe mwendo, akupe na masikio. Ushinde unakokwenda, na siku utakaporudi nyumbani uwakute wote wazima, wakikungoja.