Farasi wa Baba Wametiwa Macho

Ndugu na jamaa, leo asubuhi nimewakuta farasi wa marehemu baba yangu wametiwa macho.

Wala sitanii.

Pembea ile ya kuzunguka, yenye farasi wa mbao, inayoonyeshwa sasa ufukweni Qurum, aliichonga baba miaka ya sitini, tulipohamia Maskati kutoka Unguja. Majirani waliwakataza watoto wao kupanda sanamu za viumbe, wakisema dini hairuhusu. Baba akawaahidi kwamba farasi wake hawatakuwa na macho kamwe, wasihesabiwe viumbe kamili. Idi ilipofika, watoto wa mtaa mzima walipanda.

Leo kijana msimamizi ananiambia kwa fahari: "Ami, macho yalikuwa yamefutika. Tumeyarejesha!"

Nikamweleza kwamba hayakuwapo tangu awali.

"Lakini si yamependeza, ami?"

Eti yamependeza!

Dada yangu, Bi Zuwena, niliyekuwa nimefuatana naye, alivua mtandio wake wa begani, akamfunga farasi wa mbele macho, kisha akamgeukia kijana: "Mwanangu, baba yetu alitoa ahadi. Wewe umeivunja kwa brashi."

Kijana akainamisha kichwa. Hata hivyo, kuinamisha kichwa hakufuti rangi.

Kwa heshima zote, nataka macho hayo yaondolewe kabla ya Idi. Mwenye kuafiki aandike hapa chini. Mwenye kupinga naye aandike, ila kwanza anieleze: ahadi ya marehemu huvunjwa kwa ruhusa ya nani?