Kilio cha Muntu Muzima

Mimi hakuna kitu kinaweza kunishangaza. Niliacha shule nikiwa mu mwaka wa tano wa musingi, nikauza mikate Kasumbalesa ku mupaka, katikati ya malori, nikatukanwa na bashofere ba kila inchi. Leo, muntu akicheka mbele ya televizioni hapa Lubumbashi, anacheka kwa maneno yangu. Bantu ba iniversite balijaribu kuandika michezo ya kuchekesha, bantu bakasinzia. Mimi naandika familia moja, parseli moja, ni kusema kiwanja na nyumba yake, na muji wote unangojea Jumapili.

Muchekeshaji wangu mukubwa, ule aliyecheza baba wa nyumba, nilimuokota mu baa ya Kamalondo, akichekesha balevi kwa chupa ya bia. Nilimufundisha kutembea, kukohoa, hata kunyamaza. Siku kundi lingine lilimuita ku shene ingine ya televizioni, alienda bila kuniaga. Nilikaa chini nikamuua.

Niliandika kwamba baba amekufa kwa mufupa wa samaki. Fundi mumoja wa mbao aliniazima sanduku jipya la kuzikia, tukaweka juu picha ya ule muntu, picha yake ya kweli, bamama ba muchezo bakalia. Sikuweka kicheko hata kimoja. Muntu aliyenisaliti asitoke na kicheko.

Mama yake wa kweli, bibi muzee, anaishi Sakania, mbali na muji. Kule muntu aliona mu televizioni picha, sanduku, machozi, akakimbia kumuambia. Bibi akapanda lori pamoja na bajomba na madada, mikeka juu ya kichwa, bakaingia mu muji banalia. Balifika kwa mutoto wao, bakamukuta mulangoni anakula karanga.

Ungezania balirudi kwao. Balikuja kwangu. Kilio, ni kusema matanga, kinakaa kwa ule aliyekianzisha, ndivyo bajomba balikata shauri. Bakatandika mikeka mu parseli yangu, bakawasha moto. Na hapa kwetu haufukuze bantu ba kilio, wala haubaache na njaa. Muke wangu akasonga bukari, ugali wetu. Majirani, bale bale banaokula kicheko changu bure, bakaleta makala ya kuwasha moto na kuniangalia kama mulozi aliyeroga muntu.

Niliwaeleza kwamba ni muchezo, ni kazi. Mujomba akauliza kama kazi yangu ni kuzika batoto ba benyewe. Nikasema nitalipa lori ya kurudi. Bibi akaniita.

«Papa, Sakania yote balimuona mu sanduku. Umutoshe inje pale pale ulimutia, bote baone. Bila vile, mi sitoke hapa.»

Elewa vizuri. Muntu akikufa mu hadithi yangu, amekufa. Nikimufufua mumoja, kila muchekeshaji atajua anaweza kunikimbia, na hakuna ataniogopa tena. Nikakataa. Nao bakakaa. Sasa ile parseli ndiyo tunapigia kamera, na huwezi kuchekesha katikati ya bantu banaolia. Mukubwa wa shene akapiga simu: Jumapili bila kipindi, saa yangu anabapa bahubiri.

Nikaenda mwenyewe kwa ule musaliti. Alikuwa amekaa muguu juu ya muguu. Nikamuambia aje kutoka mu sanduku, dakika kidogo tu, mama yake arudi nyumbani.

«Mukubwa, mi niko mufu,» akasema. «Na mufu hatumike bure.»

Akataja bei. Nikajaribu kuishusha, akarudilia karanga zake. Nikakubali.

Alikuja, akalala, tukafungua kifuniko, akainuka. Bibi akapita mbele ya kamera, akamushika uso kwa mikono miwili, akampiga kofi, akamukumbatia. Mimi sikuandika ile. Bantu banasema ndicho kipindi kizuri kupita vyote. Banasema, habajue kuandika.

Halafu bakakunja mikeka yao bila kuniaga, kama mutoto wao. Unga, samaki, lori ya kuja na ya kurudi, sanduku ambalo fundi alikataa kulipokea kwa sababu muntu muzima alilala ndani, na bei ya mufu: yote pamoja, dola mia saba na kumi na sita.