Nilifeli Usaili wa Kuwa Mama wa Mwanangu

Nimefeli vitu vingi maishani. Hesabu. Leseni ya udereva, tena kwa kugonga kibao kilichoandikwa "Polepole".

Lakini sikujua kama mtu anaweza kufeli usaili wa kuwa mama wa mtoto aliyemzaa mwenyewe.

Mimi nimefeli. Na kamera ilikuwepo.

Nina diploma ya maabara. Kazi yangu ni damu, mkojo na makohozi ya watu. Nasoma kilichopo, naandika kilichopo. Mgonjwa ni mgonjwa hata awe bosi wangu. Na nyumbani ni hivyohivyo. Ukiniuliza kama gauni limekupendeza, jiandae kwanza.

Mtoto ninaye mmoja tu, wa kiume. Ni mwongozaji wa filamu. Wenzake wanamwita Kinyonga, na kwao hiyo ni sifa, maana hakuna aina ya filamu inayomshinda. Alianza na video za harusi. Zikaja vichekesho. Ikaja filamu ya kutisha ambayo mzimu wake ulivaa shuka langu, na shuka lenyewe halijarudi mpaka leo. Yakaja mapenzi, matangazo ya sabuni, tamthilia.

Zote niliziangalia.

"Mama, ile ya mzimu umeionaje?"

"Nimeliona shuka langu."

Alipovuma hasa ni kwenye filamu za makala. Aliwafuata wachimba mchanga, akaifuata timu ya mpira ya vipofu, hadi watu wazima wakatoka ukumbini wanapenga kamasi. Alinieleza kwamba kwenye makala hutungi kitu. Unakwenda na kamera, unarudi na ukweli.

Nikasema haya, sasa mwanangu karudi nyumbani, kwenye ukweli wetu.

Siku moja akaniambia, "Mama, makala yangu ijayo ni wewe. Mama aliyenilea peke yake."

Baba yake alifariki mtoto akiwa darasa la kwanza. Kwa hiyo kulea peke yangu ni kweli. Nilifurahi, sifichi. Nikaenda kusuka nywele.

Akaja na mpiga kamera na taa zao.

"Mama, vua miwani."

"Nitakuonaje?"

"Kaa chini basi, hapo ukutani."

"Viti vimefanya nini?"

"Haya. Ongea polepole. Sema tulivyokuwa tunalala njaa."

"Lini?"

Mpiga kamera akainama kufuta lenzi. Mabega yalikuwa yanacheka.

"Mama jamani! Hukumbuki nilivyokuwa nalala bila kula?"

"Ulikuwa unasusa maharage. Hiyo si njaa, hiyo ni jeuri."

"Kata. Tunarudia."

Tulirudia mpaka chai niliyowapikia ikapoa. Kila nikisema, "Kata." Kila nikikaa, "Tunarudia." Mwisho akashusha pumzi, akaniambia kwa upole, kama daktari mwenye majibu mabaya:

"Mama, tatizo huna sura ya shida."

"Shida nilikuwa nayo. Zamu za usiku, wewe umelala kwenye benchi la maabara, nimekufunika koti langu jeupe. Piga hiyo."

"Haionekani, Mama. Watu wanataka kuiona."

Wakafungasha vifaa. Nikajua yameisha.

Miezi ikapita, nikaitwa kwenye uzinduzi wa filamu yake. Nimevaa, nimependeza, na hilo nalisema mimi nisiyesifia ovyo. Mlangoni mwanangu akanikumbatia, akamgeukia bwana mmoja mwenye tai.

"Mwenyekiti wa kamati ya tuzo," akanitambulisha. "Mwenyekiti, huyu ni mama mdogo."

Mama mdogo ni mdogo wake mama. Mimi nimezaliwa peke yangu tumboni na peke yangu nyumbani, dada sina hata wa kuazima. Nikajisemea, ulimi hauna mfupa, mwenye shughuli ana mengi kichwani.

Taa zikazimwa.

Kwenye pazia akatokea mwanamke amekaa chini, ubavuni mwa ukuta wa mabati, uso umejaa vumbi la mkaa. Maandishi yakapita chini yake: *Mama mzazi wa mwongozaji.*

Yule mwanamke akaanza kusimulia maisha yangu.

Si ya kwake. Yangu! Kifo cha mume wangu kilikuwemo. Mtoto wangu alikuwemo. Ila zamu zangu za usiku zimekuwa kuuza mkaa barabarani. Benchi la maabara limekuwa gunia.

"Alikuwa analala juu ya gunia," akasema polepole, "nami namfunika khanga yangu."

Ukumbi mzima ukalia. Mama mmoja pembeni yangu akanipa tishu. "Lia tu, dada. Mama huyu kateseka."

Nilikuwa nalia kweli. Lakini si kwa ajili ya mama huyo.

Yule mwanamke wa kwenye filamu nilimkuta chooni ananawa mikono. Kwa karibu alikuwa mdogo kuliko kwenye pazia, na mcheshi.

"Wewe ndiye mama yake?" nikamuuliza.

Akacheka. "Wapi, dada! Mimi nauza mkaa nyuma ya ofisi yao. Waliniambia ni igizo. Kwani kule mbele waliandika nini? Maandishi na mimi hatujuani."

"Wameandika mama mzazi."

"Wa nani?"

"Wa mwanangu."

Aliacha bomba linamwagika.

Nje nilimkamata Kinyonga mkono. Akaniwahi.

"Mama, ukweli ni wako. Sura tu ndiyo ya mwingine. Hiyo ndiyo sanaa."

"Kwetu maabara, ukibandika jina la huyu kwenye damu ya yule, unafukuzwa kazi. Ninyi mnapewa tuzo?"

Akapewa tuzo.

Halafu mwandishi wa habari mmoja, mteja wa mkaa wa yule dada, akamtambua. Akauliza mtandaoni: tangu lini huyu akawa na mtoto mkubwa hivyo? Kamati ikataka ndugu wa damu athibitishe mbele ya kamera. Na ndugu wa damu mwanangu aliyebaki naye ni mimi tu, yule waliyetambulishwa mlangoni kama mama mdogo.

Akaja peke yake, na kamera na taa. Hakukaa.

"Mama, nimekwisha. Hii ikianguka, zote zinaanguka. Watasema hata wale vipofu walikuwa wanaona."

Na wale vipofu walikuwa vipofu kweli. Wachimba mchanga walikuwa wachimba mchanga. Kazi yake yote safi ingetupwa pamoja na huo uchafu mmoja.

"Unataka nini?"

"Sema wewe ni mama mdogo. Yule ni dada yako, ndiye aliyenizaa."

"Nami niwe nani?"

"Ni kwenye kamera tu, Mama. Kamera ikizimwa wewe ni mama yangu."

Nilimwangalia shingoni. Mshipa ulikuwa unaruka kama enzi zile akipandwa na homa, nami namkanda kwa kitambaa cha maji. Wanasema uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi. Hawasemi mzazi akishaujua aupeleke wapi.

Nikavua miwani. Nikaacha kiti changu, nikakaa chini, ukutani. Safari hii hakuna aliyeniambia.

"Mimi ni mama yake mdogo," nikasema polepole. "Aliyemzaa ni dada yangu. Mimi nilisaidia kulea tu."

Sauti ilinikatikia pale kwenye "tu". Hapo sikuigiza.

Bila miwani sikumwona vizuri, lakini nilimsikia. Ile sauti yake ya kazini, yenye furaha.

"Kata! Safi sana. Haturudii."

Siku ile nilipokuwa mama yake nilikosea kila nilipofungua mdomo. Nilipokana, nikapatia mara ya kwanza tu.

Akakunja vifaa vyake, nami najiinua kwa kushika ukuta. Kamera imezimwa. Taa imezimwa. Tuko wawili tu, mimi na niliyemzaa. Akavaa viatu, akafika mlangoni, akageuka.

"Asante, mama mdogo."

Nikamsubiri acheke.

Hakucheka. Hata kusikia alichosema hakusikia. Akafunga mlango taratibu, kwa adabu, kama mtoto wa dada.

Tuzo ipo kwake, inang'aa. Kinyonga sasa anaalikwa kufundisha vijana namna ya kusaka ukweli.

Wazazi wenzangu, mtoto akikuomba uiongopee dunia kidogo ili apone, kabla hujakubali muulize wewe utabaki nani kwake. Dunia inasahau. Anayeamini uongo huo moja kwa moja ni yule uliyemwokoa.

Majina sikutaja, na yule dada wa mkaa mwacheni, alidanganywa kama ninyi. Mwanangu mwenyewe akisoma atajijua.

Akitaka kukanusha, aje na kamera yake. Nitakuwa nimekaa kitini, na miwani nimevaa.