Mazishi ya Masereka Mjerumani

Hadi leo, harufu ya petroli ya jenereta ikichanganyika na ya mihogo ya kukaanga hunirudisha Bwera, mpakani mwa Uganda na Congo, kwenye kibanda cha video cha Musafiri, ambako bibi yangu alikalia benchi la mbele kama mwenye nyumba.

Musafiri alikuwa Mkongo mwenye sauti nzito, na kazi yake ilikuwa kututafsiria filamu huku tukitazama. Padri mmoja Mjerumani alipohama alimwachia diski za filamu za kwao, nyeusi na nyeupe, zilizotengenezwa miaka ile baada ya vita vikuu. Kijerumani Musafiri hakujua hata cha kuombea maji, lakini alitafsiri bila kusita.

Ndani ya filamu zile alikuwamo mwigizaji mwenye masikio makubwa na macho ya huruma. Hakuwahi kuwa stelingi. Leo alibeba trei hotelini, kesho alikuwa mlevi, keshokutwa karani wa mahakama, kisha polisi. Musafiri alizisimulia zote kama maisha ya mtu mmoja anayehangaika na kazi, nasi tukaamini. Bibi akampa jina la Masereka, ambalo kwetu ni la mtoto wa kiume wa tatu, maana kila mara walitangulia waigizaji wakubwa wawili ndipo yeye akaingia. Siku alipovaa sare ya polisi, Bibi alipiga vigelegele.

Jumamosi moja Masereka, sasa mzee wa mvi, akafa kitandani na filamu ikaishia hapo. Hatukuona jeneza wala kaburi. Wazungu nao wana mambo.

Asubuhi yake Bibi alikaa uani, jembe lake limeegemea ukuta. Mvua ilikuwa imeshanyesha, na ukichelewa kupanda maharage unalala njaa. Lakini kwetu, mtu akifa, hakuna anayeshika jembe mpaka azikwe.

"Mama, yule ni mtu wa filamu tu," mama yangu alimwambia mkwewe.

"Ni mtu. Nimemjua tangu anabeba trei."

Siku ya pili ikawa hivyo hivyo, na majirani wawili wa benchi la mbele nao wakaacha kulima. Mama hakuthubutu kumpita mkwewe kwenda shambani. Mimi niliogopa kweli, maana njaa niliijua. Mwishowe mama akanituma kwa Musafiri.

Alinisikiliza, akapekua diski zake. "Bon," alisema. "Wambie bote bakuje leo saa kumi. Tutamuzika."

Tulijaa kibandani. Kwenye televisheni akatokea mtu yule yule wa masikio, amevaa joho la padri, anasoma sala kando ya kaburi.

"Si Masereka huyo?" Bibi aliuliza.

Musafiri hakupepesa macho. "Hapana, koko," alisema, akimwita bibi kwa lugha ya kwao. "Ule ni ndugu yake wa tumbo moja. Iko anamuzika."

Bibi akasimama, na wanawake wote wakasimama naye wakaimba wimbo wa mazishi. Kisha akainama, akachota udongo wa sakafu, akautupa taratibu chini ya televisheni. Kesho yake aliwahi shambani kuliko kuku.

Nilicheka kisa hiki miaka mingi, mpaka mama aliponieleza habari za babu. Babu alivuka kwenda Congo kununua kahawa, baba yangu akiwa bado mdogo, na zikaja habari tu kwamba amekufa, kaburi halijulikani. Kesho yake Bibi alishika jembe, kwa sababu watoto walitaka kula, na hakuna aliyemwambia akae chini.

Juzi nilimtafuta mwigizaji yule kwenye simu. Alicheza filamu nyingi ajabu, karibu zote akiwa mtu wa pembeni. Nilimshukuru kwa sauti, peke yangu chumbani. Bibi alijua fika kwamba ile ni filamu. Maharage ya msimu ule yalikubali vizuri, nami niliyala kwa furaha, bila kujua kwamba nilikuwa nimetoka kumzika babu yangu.