Mrija Ulipofika Kwangu

Gari lilinigonga kijijini Mbuba, wilayani Ngara, nikitembea pembeni mwa barabara na mkungu wa ndizi kichwani. Lilikuwa pikapu la mfanyabiashara wa Biharamulo. Dereva alikwepa shimo, akanifuata nilipokuwa. Mguu wa kulia ulivunjika chini ya goti. Hospitali waliniwekea vyuma, na daktari akasema baada ya mwaka vitatolewa kwa upasuaji mwingine. Mama aliuliza nani atalipia. Daktari alisema hilo tuwaulize wenye gari.

Wiki ya sita nilikuwa nimesharudi nyumbani. Wenye gari wakaja wenyewe: dereva, pamoja na kaka wa bosi wake. Walileta mbuzi na chungu cha pombe ya ndizi. Kwetu, aliyekukosea akija hivyo mnakaa, mnakunywa chungu kimoja kwa mrija, na aliyeumia anakunywa wa mwisho. Akishakunywa, jambo limekwisha. Hata mguu ukimuuma kila masika, hasemi tena.

Baba mdogo, ambaye ndiye msemaji wetu tangu baba afariki, alimkagua mbuzi.

"Huyu ana afya kuliko mgonjwa," akasema. Watu wakacheka.

Dereva hakucheka. Alimwamkia mama shikamoo, akakaa akiutazama mguu wangu.

Alikunywa baba mdogo, akanywa mama kidogo, akanywa dereva. Mrija ukaja kwangu. Mimi si msemaji. Nilimaliza darasa la saba bila walimu wengi kuijua sauti yangu. Niliinama, nikasema, "Ninameza dawa. Hospitali wamekataza pombe."

"Onja tu, binti yangu," kaka wa bosi akasema. "Hii si pombe, ni ndizi."

"Mwacheni," mama akasema. "Dawa hazijaisha."

"Basi asaini. Atakunywa akipona." Akatoa karatasi.

Sote tulidhani karatasi ni chungu kilichoandikwa, kwamba inasema tumesameheana. Baba mdogo alisaini kama shahidi bila kuisoma. Mimi husoma polepole, kidole chini ya kila neno. Wakanisubiri.

"Anasoma au anahesabu sisimizi?" baba mdogo akauliza.

Karibu na mwisho nikakuta kwamba sitadai chochote kwa dereva, kwa mwenye gari, wala kwa kampuni ya bima, na kwamba naomba kesi iliyoko polisi ifutwe. Nilirudia mstari ule mara mbili.

"Na bima naye amekuja kuomba msamaha?" nikauliza.

Mama akamgeukia dereva. "Bima inaweza kulipia ule upasuaji?"

"Inaweza, mama. Lakini wanataka kwanza hukumu ya mahakama. Kesi ikifutwa, hakuna hukumu."

Kaka wa bosi akamtazama. "Wewe umekuja kumsaidia nani?"

"Nimekuja kuomba msamaha, mzee."

Nilirudisha karatasi. Nilimwambia dereva, "Wewe nimekusamehe. Hii siwezi kusaini." Hayo ndiyo maneno mengi zaidi niliyowahi kusema mbele ya wageni.

Kaka wa bosi alimfungua mbuzi, akampandisha kwenye pikapu. Chungu walikiacha. Baba mdogo alinuna siku mbili, ingawa pombe aliimaliza yeye.

Dereva alikiri kosa mahakamani Ngara, akalipa faini. Nilikuwepo, na magongo yangu. Nilipata nakala ya hukumu, nikaiweka pamoja na fomu ya polisi na barua za hospitali, kisha nikajaza fomu ya madai mwenyewe. Ilinichukua kutwa nzima. Jibu la kwanza la bima lilitosha matibabu yaliyopita tu. Nikawaandikia: "Vyuma bado vimo mguuni, na misimu miwili sijalima." Nikaambatanisha barua ya daktari. Walikaa miezi, wakaongeza upasuaji na msimu mmoja. Wa pili walikataa, nami nikachoka kuandika.

Vyuma vilitolewa. Ninalima, ila sichuchumai muda mrefu.

Baada ya kidonda cha upasuaji huo kufunga, dereva alikuja peke yake kwa baiskeli, na kidumu cha pombe ya ndizi. Mama akaleta chungu na mrija.

"Dawa zimeisha?" dereva akauliza.

"Zimeisha," nikasema, nikanywa wa mwisho.