Uso wa Mtumishi

Jenereta ilinguruma nje ya ghala pale Al Quoz, Dubai, lakini ndani kazi ilikuwa imesimama. Nyuma ya kamera hapakuwa na mtu. Josephat, fundi taa kutoka Kakamega, aliitazama nafasi ile tupu kama anayetazama kitanda cha ndugu aliyesafiri.

Aliyeondoka ni Sikujua binti Mrisho wa Tanga, mpiga picha wa filamu. Alikuwa amepiga filamu Mumbai, akapiga Kairo, na kila alikokwenda aliambiwa akae pembeni. Hakukaa.

Katika kazi hii, kabla mwigizaji hajaitwa, mtu mwingine hukalia kiti chake ili taa zipangwe usoni mwake. Mwaka ule wa 2006, Jeremy, mwongozaji kutoka ng'ambo, alimkalisha msaidizi wake, mweupe kama chaki, mahali pa kila mtu, hata pa Precious, mwenye ngozi nyeusi, aliyeigiza mtumishi wa nyumbani. Picha zilipotazamwa, Precious alikuwa giza lililobeba sinia.

Asubuhi ya kuondoka kwake, Sikujua alimwinua msaidizi, akamketisha Precious mwenyewe.

"Afadhali, dada," Josephat alitania akisogeza taa. "Jana sinia ilibebwa na meno."

"Na mswaki nilipiga, usinionee!" Precious akajibu.

Jeremy hakucheka. "Huyu ni mtumishi tu. Rudisheni taa. Yalla, haraka!"

"Ana maneno ya kusema," alisema Sikujua. "Mwenye mdomo ana uso."

Akaitwa Ghanim, mwenye kampuni, kafeel wa Sikujua, yaani mdhamini wa kibali chake cha kazi. Alimvuta kando, ila Josephat alisikia.

"Khalas, Sikujua, yatosha. Kibali chako kiko mkononi mwangu. Piga anavyotaka, au panda ndege."

Josephat alimwomba Mungu amjalie Sikujua ainamishe kichwa, leo tu. Alijua alivyoihangaikia Dubai hii. Sikujua akavua kipima mwanga shingoni, akakitia mfukoni.

"Ndege nazijua, arbab," akamjibu mwajiri wake. "Giza lenu pigeni wenyewe."

Akatoka bila kugeuka, na nafasi ile nyuma ya kamera ikabaki tupu.

"Wewe," Jeremy akamwita Josephat mwishowe, "rudisha taa."

Josephat akaitazama taa, ikimulika uso wa Precious, macho yake yakiwa yamejaa machozi. Akavua glavu zake, akaziweka sakafuni.

"Iko mahali pake, sir."

Ghanim alifuta kibali cha Sikujua wiki hiyohiyo. Sikujua sasa anaishi Kairo, na bado anapiga filamu.